Mwalimu Mkuu na Galaksi Mbili za Mwisho

Watu wa Lipingo wakimtaja Mwalimu Mkuu huanza na moto. Wanaanza na banda lake la jiko, la nyasi, lilivyowaka juu ya mwamba, kisha wanamtaja kijana aliyekufa, na hapo wanaishia. Ukitaka kusikia habari nyingine yoyote ya mtu yule inabidi uing'ang'anize, na mimi nimechoka kung'ang'aniza. Nilikaa naye jirani miaka mingi, ukuta kwa ukuta, nikiwa mwalimu wa darasa la tatu katika shule aliyoiongoza. Nilimpenda, na kuna siku nilitamani kumrushia kitu. Alizaliwa wapi na kwa akina nani, hayo waulizeni ndugu zake.

Kwanza alikuwa hakutazami. Ukienda ofisini kuomba ruhusa, macho yake yanatua kwenye sikio lako, au kwenye bega, na anazungumza na hilo bega kwa adabu zote. Mimi mtu wa Mbinga, nimelelewa kwenye kahawa na ngolo, yale mashamba yetu ya vishimo, nilipofika pale mwambao wa ziwa nilidhani ananidharau kwa sababu mimi Mmatengo. Niliweka kinyongo muhula mzima. Siku moja akanieleza mwenyewe, bila kuulizwa, kwamba kitu hafifu kikitazamwa sawasawa hupotea, lakini ukielekeza jicho pembeni yake kidogo kinajitokeza. Alisema ndivyo jicho lilivyoumbwa. Ameshazoea kutazama hivyo usiku, na mchana anasahau kuacha. Nikamuuliza kama mimi ni kitu hafifu. Akacheka mpaka akaketi.

Vitu hafifu vyenyewe vilikuwa angani. Alikuwa na darubini, bomba jeupe refu kama mkono wa mtu mzima, lenye miguu mitatu ya mbao. Aliachiwa na bruda mmoja wa misheni aliyerudi kwao Ulaya kwa ugonjwa. Pamoja na darubini aliachiwa orodha ya vitu vya angani iliyotungwa zamani na Mfaransa fulani, na habari za Mfaransa huyo sisi walimu tulizisikia mpaka tukazijua kama Salamu Maria. Mtu yule alikuwa akiwinda nyota zenye mkia. Kila akidhani ameipata moja, anakuta ni kile kile kiwingu alichokiona mwaka jana, hakisogei, hakina mkia, kinampotezea muda. Basi akaviorodhesha vyote, akavipa namba, ili yeye na wawindaji wenzake wasidanganyike tena.

"Ni orodha ya vitu vya kupuuza," Mwalimu Mkuu alikuwa akituambia, na hapo sauti yake ilishuka kabisa. "Nyota za mkia alizozikamata hakuna anayezikumbuka. Amekumbukwa kwa alivyovikataa."

Vingine ni vishada vya nyota, vimebanana pamoja. Vingine ni mawingu ya hewa ambamo nyota zinazaliwa. Na vingine, ambavyo Mfaransa mwenyewe alikufa bila kujua ni nini, ni galaksi nzima nzima, makundi ya nyota yasiyohesabika, mbali kiasi kwamba mwanga unaokufikia uliondoka huko kabla binadamu hajakuwepo. Darasa la saba walifundishwa hayo yote ingawa hayakuwemo katika mtihani. Wazazi walinung'unika. Alipowaambia kwamba namba arobaini na tano katika orodha ya Mzungu ni Kilimia, mzee mmoja akauliza kwenye kikao cha shule kama serikali inamlipa mwalimu ili aje kuwaambia watu habari ya Kilimia, ambacho babu zao walikitazama wakajua wakati wa kulima. Mwalimu Mkuu alikubali kosa mbele ya watu wote, kisha akamshukuru yule mzee, na jioni yake akanigongea ukuta kuniambia kwamba kikao kilikuwa kizuri sana.

Tena Mfaransa alikuwa na upungufu, na Mwalimu Mkuu aliusema kwa uchungu wa mtu aliyerukwa katika sherehe. Mfaransa alitazama akiwa Paris. Anga la kusini hakuliona. Yale mawingu mawili meupe tunayoyaona sisi kwa macho matupu juu ya upande wa Chiwanda, kusini, hayamo katika orodha yake. Hata lile tonge kubwa la nyota, kubwa kuliko matonge yote, halimo. "Huyu bwana hakufika Lipingo," alisema, na akavipa vile vilivyoachwa namba zake mwenyewe, akiendelea pale Mfaransa alipoishia, bila kuomba ruhusa kwa mtu.

Alikuwa mtu wa kupingana na nafsi yake. Ile miaka ya shida, maduka yalipokuwa na chumvi na viberiti tu, na pengine hata viberiti hakuna, sisi tulikaa gizani tukilaani. Mafuta ya taa yalikuwa kama dawa. Mwambao wote kuanzia Mbamba Bay mpaka kwetu ulikuwa mweusi tii, watu wanalala na kuku. Mwalimu Mkuu ndipo alipoishi. Vitu vingi vya orodha alivipata miaka ile, na asubuhi anakuja shuleni na macho mekundu, anafundisha hesabu kwa furaha.

Kisha ikaja ruksa. Biashara ikafunguliwa, mitumba ikateremka kutoka Mbinga, na huko kwetu milimani wanunuzi wa kahawa wenye magari yao wakaanza kupishana na chama cha ushirika. Huku ziwani wakaja wachuuzi wa usipa, wale dagaa wa ziwa letu. Wakaja na pikapu, wakaja na mafuta ya taa, na karabai. Kabla ya hapo mwenye karabai alikuwa mmoja wawili; sasa kila mtumbwi wa usipa una yake, maana usipa wanafuata mwanga katika siku za giza, mwezi usipoonekana. Na siku za giza ndizo Mwalimu Mkuu anazozihitaji. Ule usiku ambao ziwa linawaka taa nyingi ndio usiku ambao yeye anataka kusiwe na hata kijinga cha moto.

Kwenye mikutano ya kijiji alisimama akasifu maendeleo. Alisema watoto sasa wanavaa viatu, akasema kweli tupu. Akirudi nyumbani anapanda juu ya mwamba wake, anatazama taa zinavyoenea majini, anasonya. Nilimsikia akisonya kupitia ukutani. Wanafunzi wenye tochi aliwanyang'anya, akawarudishia wakifunga shule. Rozari ya jumuiya aliiongoza yeye, isipokuwa usiku wa giza ukiwa hauna wingu. Hapo anaumwa kichwa, na sote tulijua kile kichwa kiko wapi.

Taa moja ndiyo iliyomkaa kooni. Nyumba zetu zilikuwa juu ya mwamba unaoingia ziwani. Upande wetu wa kaskazini, chini, ndipo palipo na mchanga wa kutia mitumbwi, penye vichanja vya kuanikia usipa. Kati ya mwamba na mchanga hakuna nafasi kubwa. Mtu akikosea kidogo amekwisha. Pale mchangani palikuwa na mlingoti, na juu ya mlingoti karabai, inayowashwa jioni mpaka mtumbwi wa mwisho urudi. Aliyeitunza alikuwa mjane mmoja, Mama Kanisius. Mtoto wake wa kwanza, huyo Kanisius, alivua usipa pamoja na mjomba wake, na mama alikaa chini ya ile taa kila usiku wa giza, na kitenge kichwani na rozari mkononi, akiwasubiri. Wavuvi wote walilenga taa ya Mama Kanisius.

Katika orodha ya Mfaransa kulibaki vitu viwili tu ambavyo Mwalimu Mkuu hakuwa ameviona: namba themanini na moja, na themanini na mbili. Ni galaksi mbili zilizokaa pamoja, mbali sana kaskazini. Huko Paris ziko utosini. Kwetu hazipandi, zinachungulia tu juu ya maji kwa muda mfupi, chini kabisa, majira ya baada ya Pasaka, halafu zinazama. Bruda alipomwachia darubini alimwambia kwa utani kwamba zile mbili asijisumbue, atakufa hajaziona. Mwalimu Mkuu hakuuchukulia kama utani. Na kaskazini yake, pale pale zinapochungulia, ndipo mlingoti ulipo.

Alianza kumbembeleza Mama Kanisius. Kila mwaka baada ya Pasaka anateremka mchangani na zawadi, mara sukari, mara mahindi mabichi, anaomba taa izimwe kidogo. Kila mwaka anarudi na zawadi yake imepokelewa na ombi lake limekataliwa. Mama Kanisius hakuwa na maneno mengi. Alimwambia, "Mwalimu, nyota zako zitakuwepo mwakani. Mimi wangu wako majini." Na Mwalimu Mkuu, ambaye aliweza kubishana na mkaguzi wa elimu siku nzima, hapo aliaga tu. Alikuwa akipanda mwamba taratibu, amekunja uso kama mtoto aliyenyimwa uji.

Mimi niliona mama yuko sahihi, nikamwambia. Akaniambia mimi ni mtu wa milimani, sijui ziwa. Nikamwambia hata yeye analijua juu yake tu.

Ikafika mwaka wa kustaafu kwake. Alikuwa ameshaanza kufunga vitabu. Kijijini walimfanyia karamu, na pale kwenye karamu Mama Kanisius alisimama kusema neno, jambo ambalo hakuwahi kulifanya. Alisema Kanisius wake alikuwa mtoro, ameshindikana, na Mwalimu Mkuu alimfuata kwenye mitumbwi akamrudisha darasani kwa kumshika mkono, siyo kwa fimbo, na leo kijana anasoma masomo kanisani. Kisha akasema, mbele ya watu wote, kwamba yeye hana cha kumpa mwalimu, ila giza likija atamzimia taa kwa muda wa rozari moja. Watu wakapiga makofi. Nilimtazama Mwalimu Mkuu. Kwa mara ya kwanza alikuwa anamtazama mtu usoni.

Usiku wenyewe ulikuja juma la pili baada ya Pasaka. Tulikuwa tumekula tu. Ziwa limetulia, mitumbwi imetoka, taa zao ziko mbali magharibi. Mimi nilikuwa mchangani na Mama Kanisius, maana nilitaka kusali naye ili asiwe peke yake gizani. Mwalimu Mkuu aliteremka mwenyewe, akaishusha karabai kutoka mlingotini kwa mikono miwili, akaizima, akaiweka juu ya mchanga polepole. Akasema asante, Mama Kanisius. Kisha tukasikia ndala zake zikipanda mwamba kwa haraka isiyo ya umri wake.

Tukaanza matendo matano ya utukufu ya rozari. Mama alisali kwa sauti ya chini, haharakishi, wala hakokoti. Aliahidi rozari moja, na rozari moja ndiyo aliyokuwa anaitoa. Mimi sikuwa nasali vizuri. Nilikuwa natazama magharibi. Tulipoingia tendo la nne upepo ukatupiga usoni, wa baridi, wenye harufu ya mvua, kutoka ng'ambo. Zile taa za mbali zikaanza kupotea moja moja. Mama aliacha rozari katikati ya Salamu Maria, na sikuwahi kumwona akifanya hivyo kabla wala baada.

Mwenye karabai anajua kwamba kile kifuko cha nyuzi kinachowaka ndani ya kioo, kikishaungua mara ya kwanza ni majivu yaliyoshikana. Ukikitikisa kinamwagika. Ndiyo maana taa ile haikuwa ikishushwa kabla ya alfajiri. Mama alipapasa, akapampu, akawasha kiberiti kikazimika, akawasha kingine amekikinga kwa kitenge. Upepo ukaingia kwenye kioo. Kifuko kikamwagika mbele ya macho yetu. Kipya kilikuwa nyumbani kwake, nyuma ya vichanja vyote, na akakimbia kukichukua. Nikampigia kelele Mwalimu Mkuu kwamba taa haiwaki.

Naye akafanya ambalo mtu mwenye akili zake na roho nzuri angelifanya. Aliona watu wako gizani wanahitaji mwanga mkubwa na upesi. Jiko lake lilikuwa la nyasi, limekauka kwa moshi wa miaka. Akalitia moto. Liliwaka kwa mara moja mpaka juu, mwamba wote ukawa mwekundu, nikaona uso wangu mwenyewe kwenye maji. Nilifurahi. Nilisema Mungu asifiwe. Ilinichukua muda kuelewa kwamba wale walioko majini hawana taa ya mchangani ya kulinganisha. Wanaona mwanga mmoja tu, na mwanga ukiwa mmoja, wao wamezoea kwamba chini yake kuna mchanga.

Mitumbwi mingi ilikuwa imekwenda mbali, ikakimbilia Mbamba Bay. Uliokuwa karibu ulikuwa mmoja, wa Kanisius na mjomba wake. Mjomba alitupwa juu ya mwamba, akavunjika mbavu, akapona. Kanisius alipatikana asubuhi.

Mjomba alisema, alipoweza kusema, "Tuliona moto, tukajua ndiko."

Msiba ulikaliwa kwa Mama Kanisius, na Mwalimu Mkuu alikwenda akakaa nje, mbali, juu ya kinu kilichopinduliwa, mpaka wakamfuata wakamwingiza. Ukoo ulifanya kikao. Nilitegemea makelele. Mjomba, akiwa amefungwa vitambaa kifuani, alisema hawamdai mwalimu kitu, kwa sababu mwalimu alichoma jiko lake mwenyewe ili awaokoe, na mtu hawezi kudaiwa kwa hilo. Walikubaliana wote. Nilimwona Mwalimu Mkuu akiinamisha kichwa, nikajua wamemuumiza kuliko kama wangempiga. Siku ya tatu aliipeleka darubini kwa Mama Kanisius ndani ya sanduku lake. Mama akairudisha kwa mkono wa mtoto wake mdogo, akasema hawana cha kutazama nayo.

Kijiji kikamhurumia. Huo ndio ukweli, na ndio uliokuwa adhabu yake. Watu walisema, "Maskini Mwalimu, na hizo nyota zenyewe hakuziona." Ikawa maneno ya kila mtu, sokoni, kanisani, kwenye vichanja. Mimi pia nilisema hivyo. Yeye aliwaacha waseme. Na kitu kingine: hakuweza tena kumwita mama yule kwa jina lake. Huku kwetu mama anaitwa kwa mtoto wake wa kwanza, na mtoto akifa jina halifi. Sote tuliendelea kusema Mama Kanisius. Yeye alisema "Mama" tu. Mama alilijua hilo. Hakumsaidia.

Nilihamishwa nikarudishwa Mbinga, nikapata shule karibu na nyumbani. Habari zake nilizisikia kwa wachuuzi: kwamba watoto wake wako mbali mjini, kwamba macho yanaingia ukungu, kwamba anayempikia ni Mama Kanisius. Hiyo ya mwisho sikuiamini.

Nilimkuta hospitali. Nilikuwa nimempeleka mama yangu kutibiwa mguu, nikapita kwenye benchi la wagonjwa wa macho, nikamwona amekaa wima, mashati mawili yamevaliwa moja juu ya jingine kwa baridi yetu ya milimani. Nikamwambia, "Shikamoo, Mkuu." Akaitika na kunitaja mara moja, kwa sauti. Alisema anangoja kufanyiwa upasuaji wa jicho la kulia, kwamba amepandishwa kwa gari la usipa, na aliyemleta amekwenda kumtafutia chai.

Nikaketi. Tukazungumza habari za shule, nani amekufa, bei ya kahawa. Mimi, kwa kutaka kumfariji, nikarudia yale maneno: kwamba kilichoniuma siku zote ni kwamba hata hakuziona.

Alifunga kifungo cha shati la juu, taratibu.

"Niliziona, Mwalimu," akasema. "Zote mbili. Nilikuwa nimeziona kabla ya upepo. Sijawahi kufurahi vile, hata siku ya ndoa yangu. Nilicheka peke yangu pale juu. Upepo ulipoanza niliusikia, nikasema kidogo tu, bado kidogo tu. Wewe ndiye uliyeniita."

Nilikuwa na hasira, nasema wazi, hasira iliyonipanda mpaka masikioni, kwa sababu nilikuwa nimemtetea miaka yote ile.

"Naungama moto, naungama taa," akaendelea. "Padri ananiondolea. Ile furaha sijaiungama. Kila nikitaka kuijutia, nakuta bado naifurahia. Nimwambie Mama? Ananipikia, ananifulia. Nikipona jicho nitamwona uso wake. Nimwambie kabla?"

Nilifungua kinywa nimwambie hapana. Nilitaka kumwambia afe nayo, asimtwishe mama wa watu mzigo wa pili. Lakini Mama Kanisius alikuwa ameshafika, amesimama nyuma ya benchi na kikombe cha chai cha bati kikifuka, na sijui amesimama pale tangu lini. Alikuwa amezeeka. Alinisalimia kwa kichwa.

Mwalimu Mkuu alimsikia. Akageuza uso kuelekea aliko.

"Mama Kanisius," akasema.

Chai ya mama ilimwagika kidogo kwenye kitenge chake. Alizunguka benchi, akaketi upande wa pili wa mwalimu, akamshikisha kikombe mikononi, vidole vyake juu ya vidole vya mwalimu mpaka alipohakikisha ameshika.

"Nimesikia," akasema.

Muuguzi alitokea mlangoni akamwita mgonjwa anayefuata, na aliyefuata alikuwa yeye. Nikasimama nimwinue. Mama Kanisius akaniashiria nikae.

"Atangoja," alimwambia muuguzi. Kisha akamgeukia Mwalimu Mkuu. "Sasa nieleze zilivyokuwa. Zote mbili. Usiruke kitu. Taa yangu ilizimwa kwa ajili ya hizo, na mimi sijui hata zinafanana na nini."

Mwalimu Mkuu aliweka kikombe chini, kati ya miguu yake. Akasema kwamba moja ni ya mviringo, ina kiini cheupe katikati na pembeni imefifia, na ya pili iko karibu yake, nyembamba, imesimama kwa ubavu. Hapo akauliza kama inatosha. Mama akamwambia aendelee, naye akaendelea.